Mama Amesitisha Sinema Yako

Nyumba ya Ngazi za Chuma,
Nyuma ya Karakana ya Matairi.
Jumapili, 9 Machi.

Mpendwa mdogo wangu Kitasa,

Shikamoo yako nimeipokea ingawa hujaitoa, na marahaba nakujibu, maana dada mkubwa akingoja kusalimiwa na Kitasa atazeekea mlangoni. U hali gani? Unakula? Unalala? Kile kikohozi chako cha kila baridi kimekuacha, au umehama nacho? Sisi huku tu wazima, tunamshukuru Mungu. Mama goti linamsumbua akipanda ngazi, akishuka halimsumbui. Daktari amesema ni umri. Mama amesema hata daktari mwenyewe ana umri.

Shemeji yako hajambo, bado yuko kiwanda cha maboksi, zamu ya asubuhi. Mpwa wako Karanga amepoteza meno mawili ya mbele, sasa kila akisema "sasa" anapiga mluzi. Juzi aliniuliza mjomba ana sauti gani. Nikajitahidi kukuiga, akasema hiyo ni sauti ya mama akiwa na mafua. Nilicheka, lakini baadaye nilipokaa kwenye cherehani nilihisi vibaya, kwa sababu nilikuwa nimeanza kuisahau kweli.

Nakuandikia kwa karatasi kwa kuwa namba yako haipatikani. Kila nikipiga, yule dada wa kwenye simu ananiambia nijaribu tena baadaye, na tumezoeana kiasi kwamba siku hizi namwambia asante. Anwani nimeitoa kwenye boksi la viatu ulivyomtumia mama. Kama umehama, basi namwomba mwenye nyumba wako asiitupe barua hii, akuulizie.

Sasa nikuambie kilichotokea huku, na unisikilize mpaka mwisho, usiruke kama unavyorukaga.

Mwezi wa kwanza mama alikuja chumbani kwangu cha kushonea, mkoba umebanwa kwapani, akakaa juu ya robota la vitambaa vya sare bila kuuliza. Akasema anaibiwa. Pensheni ya baba ikiingia inakaa kidogo tu, halafu inaanza kupungua kama maji kwenye ndoo iliyotoboka, na yeye hajanunua kitu. Salio la simu nalo, akiweka asubuhi, jioni halipo. Alikuwa ameshawashuku majirani wote wa ghorofa ya chini, na alikuwa amemfikia shemeji yako.

Nilifunga duka, tukaenda benki. Kijana wa dirishani akatutolea taarifa ya akaunti, akaigeuza upande wetu, akaanza kutuonyesha kwa kalamu. Hakukuwa na mwizi. Kulikuwa na huduma za mtandaoni, kila moja ina siku yake ya kuchukua chake, na zote mama alikuwa amezikubali mwenyewe. Akamwambia, "Mama, hawa umewaruhusu." Mama akasema, "Mwanangu, mimi hata siwajui."

Kumbe bwana, unamjua mama yako. Mama hawezi kuacha ujumbe bila kujibu. Kwake yeye kuacha salamu bila majibu ni kukosa adabu, awe aliyesalimia ni mtu au ni mashine. Basi ukiingia ujumbe unaosema "Jibu NDIYO upate utabiri wa mechi kila siku," mama anajibu NDIYO. "Jibu NDIYO upate wimbo wa kuwaburudisha wanaokupigia," mama anajibu NDIYO, na chini anaongeza "Asante mwanangu, nawe pia." Nimeusoma kwa macho yangu. Mtu ambaye hajawahi kujua mpira una wachezaji wangapi alikuwa anatabiriwa mechi za nchi tatu.

Ile huduma ya mazoezi ya goti ilikuwa imejificha zaidi. Aliona picha ya goti, chini yake pameandikwa bure kwa wiki moja, akabonyeza. Zoezi la kwanza lilimtaka alale sakafuni. Akalala, akashindwa kuinuka, akakaa pale mpaka nilipopita kumsalimia. Siku hiyohiyo akaifuta kwenye simu na kuona mambo yameisha. Kumbe kuifuta kwenye simu ni sawa na kumfungia mlango mdai huku umemwachia pochi. Makato yalikuwa yanaendelea vilevile, wiki ya bure ilikwisha zamani.

Tukaanza kazi ya kujiondoa, na mdogo wangu, kujiunga ni kubonyeza mara moja ila kutoka ni safari. Za kwenye salio zilikuwa nafuu, unatuma neno ONDOA kwa namba ileile iliyokuletea ujumbe, unangoja uthibitisho, unauhifadhi. Ile ya goti ndiyo iliyonitoa jasho. Unaingia kwenye mipangilio, kisha akaunti, kisha malipo, halafu chini kabisa, kwa maandishi ya kijivu ambayo mtu wa miwani hayaoni, ndipo pameandikwa "sitisha". Ukibonyeza wanakuuliza sababu. Ukitoa sababu wanakupa punguzo. Ukikataa punguzo wanakuwekea picha ya mtoto wa mbwa analia.

Halafu wakaandika: "Tunasikitika unaondoka. Tutakukosa sana." Mama akaomba nimsomee tena. Akatingisha kichwa, akasema, "Hawa watu hata chai yangu hawajanywa."

Na wiki nzima walimwandikia. Rudi, nafasi yako bado ipo. Rudi, tumekuwekea zawadi. Asubuhi moja alinipa simu nimsomee mwingine, nilipomaliza akasema bila kunitazama, "Wananibembeleza nirudi, na sijawazaa. Niliyemzaa haandiki." Mimi nilikuwa na pini mdomoni, nikashukuru kwamba siwezi kujibu.

Tuliporudi benki, yule kijana alitushauri kitu kimoja zaidi. Yale makato ya goti ya mwezi wa mwisho tuliyapinga kwa maandishi na yamerudishwa. Lakini alisema dawa ya kudumu ni kuifunga kadi ile na kutoa nyingine yenye namba mpya, ili yeyote aliyebaki amejificha abaki anabisha hodi nyumba isiyo na mtu. Akaweka mkono dirishani apewe kadi. Mama hakuitoa. Aliishika kadi kwa mikono miwili, akasema goti linamuuma, twende nyumbani.

Nikadhani amechoka. Tulipofika ngazi ya tatu ndipo akaniambia: kadi ikifungwa, sinema ya Kitasa itakatika.

Sikuelewa. Nilijua ile huduma ya filamu uliiweka wewe kabla hujaondoka, siku ileile ulipoipigilia televisheni ukutani ikakaa upande, na mpaka leo watu wa kwenye habari wanasoma wakiwa wameinama. Nilijua ulitutengenezea kila mmoja jina lake pale inapofunguka: mama ukamwita Bosi, mimi Sindano, na wewe mwenyewe ukabaki na Kitasa, jina ulilopewa na marehemu baba kwa huo mdomo wako usiofunguka. Nilichokuwa sijui ni kwamba kadi yako ilikwisha zamani, ujumbe wa malipo ukamjia mama, naye akajibu NDIYO. Tangu hapo, mdogo wangu, anayekulipia sinema ni mama. Sikuambii ili uone haya, nakuambia kwa sababu nadhani hujui.

Na mama hatazami sana. Anakutazama wewe.

Asubuhi akishapika chai anawasha televisheni, anaingia kwenye jina lako, anaangalia huko uliko umetazama ukafikia wapi. Kuna kale kamstari kekundu chini ya picha kanakoonyesha mtu alipoishia. Kakiwa kamesogea, anasema, "Amesogea," anazima, anaendelea na kazi zake. Mchana anaangalia tena. Jioni tena. Ameniambia anajua ulipougua mwaka jana, maana ulirudia filamu zile za utotoni ulizokuwa ukitazama ukiwa na homa. Anajua kazi yako ya zamani ilikwisha. Kitasa, alijua kabla yetu sote. Aliona mstari unasogea asubuhi na mchana, siku za kazi, wiki baada ya wiki, akasema moyoni, mwanangu hana kazi. Hakumwambia mtu. Alipoona baadaye unatazama jioni tu, tena kidogo, na mstari unaishia katikati kama mtu aliyepitiwa na usingizi, alimshukuru Mungu na akaamini umepata nyingine, na kwamba inakuchosha.

Kuna siku alikusogezea. Ile tamthilia ya mkuu wa stesheni ambaye mkewe aliondoka na treni akabaki anamngoja, mama aliisogeza mbele kwa rimoti ndani ya jina lako, makusudi. Kesho yake akakuta umerudisha ulipokuwa. Alifurahi siku nzima. Aliimba jikoni, mimi nikadhani amepata hela. Akakusogezea tena, ukarudisha tena. Kwa mama hayo yalikuwa mazungumzo. Sijui kama ulijua ni yeye, au ulidhani ni hitilafu ya mtandao ukasonya.

Aliponieleza yote hayo pale kwenye ngazi, mimi mkubwa mzima nililia. Halafu nikakasirika, maana nikilia huwa nakasirika. Nikamwambia kama sinema inaweza kumfikia, basi tutamfikishia. Nikakumbuka kwamba kule ndani nilipokuwa natafuta pa kusitisha niliona jina linaweza kubadilishwa. Tukaingia, tukafuta Kitasa, na mama mwenyewe, kwa kidole kimoja, herufi moja moja, akaandika PIGA SIMU.

Siku ya pili palikuwa vilevile. Siku iliyofuata nilikuwa nakata mashati ya wanafunzi, nikasikia mama ananiita kutoka dirisha la juu kwa sauti ambayo hajaitumia tangu baba yupo. Nikapanda mbio na futi ya kupimia shingoni. Pale palipokuwa PIGA SIMU pameandikwa Kesho.

Laiti ungemwona mama yako kesho yake. Aliamka, akavaa gauni la kijani, akachana nywele, akachaji simu mpaka ikajaa, kisha akaiweka juu ya meza na kukaa mbele yake mikono mapajani kama mtu anayesubiri kuitwa ofisini. Karanga alikatazwa kupiga mluzi. Chakula tulipika kimyakimya tusije tukaikosa. Simu ililia mara moja, ni watu wa goti wanamtaka arudi.

Siku iliyofuata alivaa gauni lilelile. Na iliyofuata. Alikuwa anasema labda huko kwao kesho inachelewa. Baadaye akaacha kusema, na gauni nikaliona kwenye kamba, limefuliwa. Jina lako bado linasomeka Kesho, na mstari wako bado unasogea kila jioni.

Kesho gani, mdogo wangu? Nakuuliza kwa upole, ingawa nikikushika nitakuvuta sikio. Fimbo ya mbali haiui nyoka, najua, lakini sikio lako nalikumbuka lilipo.

Kama ni aibu ya kazi, hiyo tumeshaijua na hakuna aliyekucheka. Mama alisema mficha uchi hazai, na akasema kama ungemwambia, angekuambia tu urudi ule ulichokuwa unakula. Kama ni kwamba umekaa kimya muda mrefu mpaka hujui uanzie wapi, anzia popote. Anza na mvua. Anza na goti. Ukikata simu baada ya salamu tu, mama atakuwa amepata ya kuzungumza mwezi mzima.

Jumatatu iliyopita mama alikuja tena chumbani kwangu. Safari hii hakukaa. Aliweka kadi juu ya cherehani na kuniambia tumalize. Mimi ndiye niliyesita. Nikamwambia mama, hii tuiache, sio makato ya bure, hii unapata kitu. Akaniambia maneno ambayo nayaandika kama alivyoyasema: "Nikiona amesogea, nashiba, sidai kingine. Na yeye akiona mlango haujafungwa, anajiona amefika nyumbani. Tunadanganyana, mimi na yeye, halafu tunalipia."

Tukapanda juu. Nilimfungulia mpaka pale kwenye maandishi ya kijivu, nikampa rimoti, kwa sababu sikutaka iwe mimi. Pakaja lile swali lao: Je, una uhakika? Mama akajibu kwa sauti, "Sina." Akabonyeza.

Hawa hawakuweka mtoto wa mbwa. Waliandika tu kwamba tunaweza kuendelea kutazama mpaka tarehe ishirini na nane mwezi huu, kwa kuwa imeshalipiwa. Kesho yake tukaenda benki, kadi ikakatwa mbele yetu, mama akapewa mpya. Kijana wa dirishani akamsifu kwa uamuzi mzuri. Mama akamshukuru, na njiani akanishika mkono, kitu ambacho huwa hafanyi, anasema mimi nina haraka mno barabarani.

Kwa hiyo ikifika tarehe hiyo, ukifungua na kukuta pamezimika, usiseme tumekufukuza. Barua ikichelewa, ikakukuta umeshakasirika, basi upoe sasa. Hakuna aliyekuchoka hapa. Pale pa kuandika jina kwenye sinema haziingii herufi nyingi, ndiyo maana nimechukua karatasi.

Mimi nakukosa, Kitasa. Sio kama wale wa goti. Nakukosa nikimaliza kazi na kukuta hakuna wa kunizomea kwamba mshono umekwenda upande. Nimekukatia shati la kitani, la bluu, lile ulilokuwa ukilitaka. Mgongo na kifua nimeshaunga, mikono nimeiacha, kwa sababu kipimo nilicho nacho ni cha mtu aliyeondoka, na sijui kama umekonda au umenenepa. Liko kwenye hanga nyuma ya mlango. Wateja wananiuliza ni la nani mbona halimaliziki, nawaambia mwenyewe yuko njiani. Niambie hata urefu wa mkono tu, kuanzia begani mpaka kwenye kifundo. Jipime kwa kamba, uihesabu kwa shubiri zako, nitaelewa.

Mama anakusalimu na anakuombea. Shemeji yako anakusalimu, anasema televisheni ameshindwa kuinyoosha, anakungoja wewe uliyeipinda. Shangazi wa duka la dawa anakusalimu, ameuliza kikohozi kabla hajakuuliza wewe. Mjomba fundi saa anasema saa yako imepona, inatembea, ila inatembea peke yake ndani ya droo. Karanga anakutumia mluzi, nimeshindwa kuuandika.

Mungu akutunze huko uliko, akupe kazi isiyokumaliza na usingizi unaotosha, na miguu iliyokupeleka ikumbuke njia ya kurudi.

Wako akupendaye kwa sindano na uzi,
Dada yako,
Sindano.

Nyongeza: Nilikuwa nimeshafunga bahasha, mama amenifanya niifungue. Anasema ile tamthilia ya mkuu wa stesheni umebakiza vipande vingi, na kwa mwendo wako hutaimaliza kabla ya tarehe ishirini na nane. Yeye ameimaliza wiki hii, ndani ya jina lake. Anasema kama unataka kujua yule mke alirudi au hakurudi, namba yake ni ileile, na simu imejaa chaji. Usiniulize mimi. Nimembembeleza tangu mchana, amekataa kuniambia, anasema wa kwanza kuambiwa ni wewe.